Bega Lililokataa Jeneza

Mliponiacha nilikuwa kizimbani, mkono wa kulia nimeubana ubavuni kama wa mtu aliyeumia jana, na wakili wa kampuni ya bima ndiyo kwanza ameniuliza swali ambalo sikulitarajia hata kidogo.

"Bwana Garvey, jeneza la baba yako lilibebwa na nani?"

Kwa aliyekosa wiki zilizopita nitafupisha, maana kila nikiirudia hadithi hii najiumbua upya. Jina langu ni Fintan Garvey, fundi wa kupiga lipu, mtu wa Kilcorran kule Roscommon. Miaka miwili na kitu iliyopita jirani yangu Donal Hession alitoka mnadani na trela la ng'ombe, akaingia barabara kuu bila kutazama, akanibamiza ukutani mimi na gari langu. Mtulinga ulivunjika, bega likachanika ndani. Hiyo ni kweli tupu. Karibu mwaka mzima sikushika mwiko wa lipu. Hiyo nayo ni kweli.

Uongo ulianza pale bega lilipoanza kupona na mimi nikaendelea kuugua.

Donal alikubali kosa siku ileile, palepale barabarani, huku analia. Kwa hiyo mahakamani hapakuwa na ubishi wa nani kamgonga nani. Lilibaki jambo moja tu: bega la Fintan Garvey lina thamani gani?

Jaji ana kitabu cha viwango. Ndani yake kila kiungo cha mwanadamu kimepewa mahali pake, na kila mahali pana bei. Bega lililopona ndani ya miezi michache, bei yake hii. Lililosumbua miaka miwili, bei ile. Lisilopona maisha yote, hapo sasa ndipo penye pesa. La kwangu mahali pake halisi palikuwa katikati, na palitosha kabisa kunirudisha kazini na kulipa nilichokosa. Mimi nikataka pale chini kwenye pesa. Nikamwambia daktari wangu siwezi kuinua hata birika la chai.

Daktari wangu akaniamini. Daktari wa kampuni ya bima ya Donal hakuniamini. Na madaktari wakipingana, jaji haangalii tena picha za mifupa. Anaangalia maisha ya mtu. Siku hizi anafanya nini? Ameacha kufanya nini?

Na sheria ya huku haina mchezo. Ukidanganya kwa makusudi katika jambo lenye uzito, jaji hakupunguzii, anafuta yote. Hata kile kilichokuwa haki yako unakikosa, na gharama za upande wa pili unazibeba wewe. Kwangu mimi hiyo ilikuwa na maana ya kuuza gari la kazi, na pengine na shamba alilotuachia baba.

Haya. Wakili yule, Lavelle, dada mmoja mwembamba mwenye sauti ya upole, alikuwa ananitazama anasubiri.

"Lilibebwa na watu sita," nikajibu.

"Wataje."

"Binamu zangu watatu. Wajomba zangu wawili." Nikaubana mkono zaidi ubavuni. "Na Donal Hession."

Mahakama nzima iligeuka kumtazama Donal, aliyekaa benchi la nyuma na mama yake. Donal akainamisha kichwa.

"Donal Hession huyu unayemdai?"

"Ndiye."

"Na wewe hukuwemo."

"Sikuwemo."

"Bwana Garvey, nakukumbusha umekula kiapo. Yupo mtu aliyekuona umebeba, mbele kabisa, upande wa kulia."

Hapo nikapata nguvu. Kumbe alichokuwa nacho ni hicho tu!

"Aliyeonekana ni binamu yangu Ruairi," nikasema. "Kwa nyuma tunafanana. Hata mke wake aliwahi kunifananisha naye dukani, akaniwekea maziwa kikapuni."

Watu wakacheka. Nyuma kule Ruairi akasimama, hajaitwa wala hajaombwa.

"Ni mimi, Mheshimiwa! Nilikuwa mimi!" Akageuka kumwonyesha jaji mgongo.

"Keti chini, bwana," akasema Jaji Kinsella. "Mgongo tumeuona."

Lavelle akakaa, uso umemshuka. Angeliacha swali lile ningekuwa na nusu ya uongo wangu. Kwa kuliuliza, alinifungulia mlango wa kuumaliza wote.

Maana jaji mwenyewe alinigeukia. Ni mzee wa mashambani, anaongea taratibu, na kalamu yake haikuwa imesimama tangu asubuhi. Sasa alikuwa ameilaza mezani.

"Kwa nini hukumbeba baba yako?"

"Sikuweza, Mheshimiwa."

"Ulijaribu?"

"Sikujaribu. Nilijua bega haliwezi."

"Hujawahi kujaribu hata mara moja?"

"Hata mara moja."

Jaji akavua miwani, akaifuta kwa muda mrefu.

"Mimi baba yangu nilimbeba," akasema. "Kutoka mlango wa nyumba hadi njia panda, na kutoka njia panda hadi kaburini. Kitabu changu hiki kina mahali pa kidole gumba na mahali pa goti. Mahali pa mwana aliyesimama pembeni wenzake wakimbeba baba yake, hapamo. Lakini jambo hilo nitalipatia uzito. Tukitoka kula nitatoa uamuzi."

Nikashuka kizimbani. Watu walinipisha njia kwa heshima, mmoja akanigusa bega la kushoto ili asiniumize. Nilitamani ardhi ipasuke inimeze.

Sasa niwaambie nyinyi kile ambacho sikumwambia jaji.

Baba yangu, Malachy Garvey, alifariki Juni iliyopita, kesi ikisubiri tarehe. Jioni ya kuamkia mazishi tulimpeleka kanisani, akae huko hadi asubuhi, kama tunavyofanya kwa kila mtu. Tulipofika mlangoni dada yangu Nuala, aliyekuja kutoka Leeds, akanivuta pembeni.

"Kesho wewe mbele kushoto, jeneza juu ya bega la kulia," akaniambia. "Mahali pa mtoto wa kwanza."

"Siwezi, Nuala."

"Huwezi nini?"

"Bega."

"Hata kwa baba?"

"Bega ni bega, dada. Halijui huyu ni baba."

Alinitazama, na tangu siku ile hajawahi kunitazama tena vizuri. Wala hakubishana. Hilo ndilo lililoniuma zaidi.

Ukweli ni kwamba nilikuwa naogopa. Kampuni za bima hulipa watu wa kukufuata na kukupiga picha, na Kilcorran nzima inajua kisa cha jamaa aliyepigwa picha akiwa juu ya paa anazibua bomba la moshi. Nikajiambia, mtu atakuwa kajificha makaburini na kamera. Nibebe dakika tano, nipoteze miaka miwili?

Rozari ikaisha. Watu wakaenda ukumbi wa parokia kunywa chai na sandwichi. Jua la Juni bado lilikuwa linapiga kwenye vioo vya kanisa. Nikamwambia padri nitabaki kidogo na mzee, akanipigapiga mgongoni, akaondoka.

Tukabaki wawili, mimi na baba. Jeneza limelala juu ya kitoroli chake mbele ya altare. Baba alikuwa amekonda sana mwishoni, alikuwa hana uzito wa maana. Nikaona haya hata kumtazama, ingawa kifuniko kilikuwa kimeshafungwa.

"Mara moja tu, baba," nikamwambia. "Hapa, mimi na wewe."

Nikainama. Nikaingiza bega la kulia, hilohilo la kesi, chini ya upande wa kichwa chake, nikasimama taratibu. Likapanda. Liliniuma, sidanganyi, lakini lilipanda na likatulia. Nikasali Salamu Maria moja, tangu mwanzo hadi amina, baba akiwa begani kwangu, machozi yananiingia mdomoni. Halafu nikamshusha polepole, nikafuta mbao kwa mkono wa koti ili alama ya jasho isionekane.

Bega lilikuwa linaweza. Nilijua palepale.

Na kesho yake asubuhi nikasimama pembeni, mkono mfukoni.

Wanaume watano wakajipanga. Nafasi ya mbele kushoto ikawa wazi, na kila mtu anaiona. Nuala akaanza kuvua koti lake la juu. "Basi nitabeba mimi," akasema.

Ndipo Donal akajitokeza kwenye umati. Mtu mkubwa, mpole, suti imembana mabega.

"Niachie mimi, Nuala," akasema. Kisha akanigeukia, akanong'ona, na macho yake yalikuwa mekundu. "Mimi ndiye niliyekuvunja bega, Fintan. Acha la kwangu lifanye kazi yake leo."

Mnajua nilimjibu nini?

"Asante, Donal."

Nikamwambia asante! Akapita mbele yangu na baba yangu begani, na mimi nikafuata nyuma na wanawake na watoto.

Basi huyo ndiye mtu aliyeketi kizimbani Jumanne ile akaapa kwamba hajajaribu hata mara moja.

Kwenye korido, wakili wangu Tarpey alikuwa anashindwa kuficha furaha. Kila akijaribu kuwa na uso wa msiba, meno yanachungulia.

"Wametuletea ofa," akasema. "Nusu ya tunachodai. Taslimu, na jambo liishe sasa hivi kabla jaji hajarudi."

Nuala alikuwa pembeni yangu. Alipanda ndege kuja kunisindikiza, ingawa sielewi kwa nini, maana tangu mazishi tulikuwa tunazungumza kwa salamu tu.

"Chukua, Fintan," akasema. "Chukua twende nyumbani."

"Subiri kwanza, dada," Tarpey akamwingilia. "Kaka yako aliuona uso wa jaji. Yule mzee leo hatafungua kitabu, atafungua moyo. Ofa hii ni ya watu walioogopa."

"Nimekuuliza wewe?" Nuala akamgeukia. "Namwambia kaka yangu. Fintan, nakuomba. Usimrudishe jaji pale kwenye jeneza la baba. Chukua hicho wanachokupa."

Aliposema "jeneza la baba" sauti ilimkatika. Nikaelewa kwamba anajua. Hakuna aliyemwambia, wala hakuwa na ushahidi. Ni dada yangu tu, tumelala chumba kimoja miaka yote ya utoto, anajua nikidanganya sauti yangu inakuwaje.

Ningechukua, hadithi hii ingeishia hapa, mkanisahau.

"Tusubiri," nikasema.

Nuala akafunga vifungo vya koti, akaenda kukaa dirishani, kanipa mgongo. Tarpey akakimbia kuikataa ofa. Nikabaki nimesimama katikati ya korido, nanusa supu kutoka hotelini ng'ambo ya barabara, nina njaa na sitaki kula.

"Fintan! Mwanangu, njoo huku!"

Alikuwa Mama Hession, mama yake Donal, ameketi benchi la ukutani na fimbo yake ya kutembelea, amevaa kofia ya kanisani. Tangu alipovunjika nyonga hatoki nyumbani. Siku ile Donal alimleta kwa sababu mwanamke anayemwangalia alikuwa na harusi. Donal mwenyewe alikuwa amesimama kando yake na kikombe cha chai, anapuliza kipoe, ampe.

Mama Hession huyu si jirani tu. Mama yangu alifariki nikiwa darasa la pili, na kuanzia siku hiyo nikitoka shule nilikuwa napita kwake, ananipa mkate na jamu, ananikagua masikio kama nimenawa. Baba akirudi kutoka kazini ndipo nilikuwa naenda kwetu. Ilikuwa hivyo hadi nilipoota ndevu.

Nikachuchumaa mbele yake. Akanishika shavu.

"Yule binti amekuaibisha mbele za watu," akasema.

"Ni kazi yake, Mama Hession."

"Kazi gani hiyo! Kumwambia mtu hakumbeba baba yake? Nilitaka kusimama kama yule Ruairi, ila miguu ndiyo hainitii." Akainama sikioni kwangu. Anadhani ananong'ona, kumbe korido nzima inasikia. "Na mimi nilikuona."

"Uliniona wapi?"

"Kanisani. Jioni ile. Ulipombeba Malachy peke yako."

Nikamtazama Donal. Kikombe kilikuwa kimesimama karibu na mdomo wake, haendelei kupuliza.

Mama Hession akaendelea, uso umechangamka.

"Si kuna ile kamera juu ya kwaya, ya sisi tusioweza kwenda misa? Donal aliniunganishia kwenye televisheni. Mimi siizimi, Fintan. Misa ikiisha naiacha. Naitazama tu ile taa nyekundu ya altare, najisikia nina wenzangu. Basi jioni ile rozari imeisha, watu wametoka, nikakuona umebaki. Nikasema, mwache amlilie baba yake. Nikataka kugeuza uso, maana si vizuri kumchungulia mtu. Ndipo nikakuona unainama."

Nilikuwa nimeisahau kamera ile. Hapa kwetu kila kanisa linayo. Waliohamia Australia huhudhuria mazishi ya wazazi wao humo, na wagonjwa wanasali humo. Mimi mwenyewe ndiye niliyeziba tundu la waya wake kwa lipu ilipofungwa. Nilikuwa nikiogopa mtu aliyejificha makaburini, nikamsahau bibi kizee anayetazama taa.

"Nililia, Fintan," akasema. "Nikasema, mtoto huyu tulimlea vizuri."

"Umemwambia nani, Mama Hession?"

"Simwambii mtu! Yalikuwa yako na baba yako. Hata Donal huyu sikumwambia."

Nikashusha pumzi.

"Ila leo nimeshindwa," akasema.

"Umeshindwa nini?"

"Nimekutana na yule binti msalani, ananawa mikono. Nikamshika, nikamwambia, wewe binti, usimdharau yule kijana. Hukumwona wewe. Mimi nilimwona kwa macho yangu amemnyanyua baba yake peke yake, bila mtu wa kumsaidia, akasimama naye." Akanipigapiga bega la kulia, kwa nguvu, na mimi nikasahau kuruka. "Nimekutetea, mwanangu."

"Akasemaje?"

"Ana adabu kumbe! Aliniuliza jina langu, na ninapoishi. Akaniletea na kiti."

Donal akaweka kikombe chini ya benchi. Mambo kwa Donal huingia taratibu, lakini yakishaingia yameingia. Alitazama bega langu, pale mama yake alipopiga na mimi sikushtuka. Kisha akatazama la kwake mwenyewe. Nilisubiri anitukane. Angenitukana ningeshukuru.

"Twende mama," akasema. "Wanatuita ndani."

Tarpey alinidaka mlangoni, anatoka jasho.

"Ofa wameiondoa. Kabla hata sijaikataa vizuri. Kuna nini?"

Nikamwambia. Maneno machache tu, sikuweza zaidi. Rangi ikamtoka usoni, akatoa simu, akasogea kwenye kona, akaongea kwa sauti ya chini. Akarudi.

"Nimempigia padri," akasema. "Kamera ile inaonyesha tu, haihifadhi. Hakuna picha. Hakuna kitu chochote duniani isipokuwa macho ya yule bibi."

"Una maana gani?"

"Sina maana yoyote. Mimi ni wakili, siwezi kumwambia mteja wangu aseme nini. Nakueleza hali ilivyo." Akanitengenezea tai. "Bibi ana miaka mingapi?"

Nikautoa mkono wake kwenye tai.

"Anavaa miwani?"

Nikageuka kutazama mlango wa mahakama.

"Watu wa umri ule huona mambo mengi kwenye televisheni, Fintan. Jaji analijua hilo. Jaji yuko upande wako."

Nuala alikuwa nyuma yetu. Alisikia yote. Alipita katikati yetu bila kugusa hata koti langu, akaingia ndani, akakaa. Hakukaa benchi letu. Alikaa kando ya Mama Hession.

Jaji akaingia, tukasimama, tukakaa. Karatasi za uamuzi alikuwa nazo mkononi, zimeandikwa tayari. Kutoka pale nilipo niliona mwandiko, ukurasa mzima. Jinsi alivyonitazama kwa huruma nilijua yaliyomo.

Lavelle akasimama.

"Mheshimiwa, kabla hujasoma. Naomba Bwana Garvey arudishwe kizimbani. Kuna jambo limejitokeza wakati wa mapumziko."

"Jambo gani?"

"Yupo mtu ndani ya chumba hiki anayesema alimwona mdai akilinyanyua jeneza la baba yake kwa bega la kulia, jioni ya kuamkia mazishi. Ni mama wa mdaiwa, Bi Attracta Hession. Sipendi kumsimamisha mzee kama yule bila sababu. Ndiyo maana naomba kwanza aulizwe mdai."

Minong'ono ikajaa. Tarpey akaruka. "Mheshimiwa, napinga! Mama wa mdaiwa, ameona kwenye televisheni, hana picha wala shahidi wa pili..."

"Bwana Tarpey, keti," akasema jaji. Huruma haikuwa imemtoka usoni bado, lakini kalamu alikuwa ameishika tena. "Bwana Garvey, rudi pale."

Nikarudi. Nikashika ukingo wa kizimba.

"Bado uko chini ya kiapo," akaniambia. "Nikuweke wazi, ili baadaye usiseme hukuelezwa. Kama uliyoniambia asubuhi si kweli, sitakuwa na njia ya kukusaidia. Mtulinga wako ulivunjika, najua. Kazi ulikosa, najua. Vyote vitakwenda. Kama ni kweli, basi yule mama amekosea, na nitasoma nilichoandika. Umeelewa?"

"Nimeelewa, Mheshimiwa."

"Basi nijibu. Je, Bi Hession amekosea?"

Nikainua macho. Nuala alikuwa ananitazama kwa macho makavu. Donal alikuwa amekaa wima, mkono mmoja amemshika mama yake asiyumbe, na bega lake la kulia lilikuwa upande wangu. Ni bega lile lililopita mbele yangu na baba juu yake.

Mama Hession peke yake ndiye hakuelewa kinachoendelea. Alijua kwamba ameitwa jina lake na kwamba sasa jaji naye atasikia nilivyo mtoto mwema. Alinipungia mkono kidogo, chini kwa chini, kama alivyokuwa akinipungia mlangoni nikitoka shule.

Nilifungua mdomo. Naapa kwenu, nilipofungua mdomo nilikuwa sijui kitatoka nini.

"Mheshimiwa," nikasema, "Mama Hession ana miaka themanini na nane."

Kule nyuma Mama Hession akaitikia kwa kichwa, anatabasamu, kwa sababu ni kweli na umri wake anajivunia.

Jaji akaandika.

"Endelea," akasema.